Neno Lililokuwa na Baba Wawili

Siku ya Jumatano asubuhi Nergish Dubash alifungua gazeti kwenye ukurasa wa tanzia, kama alivyozoea tangu mama yake afariki, akakuta mtu mwingine kamnyang'anya baba yake sifa.

Picha ilikuwa ya mzee mwenye miwani mikubwa, mwandishi mstaafu wa habari za sinema. Chini yake familia ilikuwa imeandika: "Ameagana nasi kwa amani. Ndiye aliyeipa dunia neno Bollywood."

Nergish alisoma mara mbili. Kisha akamtazama baba yake, Fali, naye mwandishi mstaafu wa sinema, aliyekuwa ng'ambo ya meza akichovya mkate wa siagi katika chai ya mnanaa. Tangu utotoni, Nergish alikuwa amekula, amelala na ameamka na habari kwamba aliyelizaa neno hilo anaishi katika nyumba hii, kwenye mtaa huu wa Waparsi, Wahindi wenye asili ya Uajemi, hapa Dadar, Bombay. Shuleni walimwita mtoto wa Bollywood. Na Jumapili hiyo, Fali akitimiza miaka themanini, mdogo wake Nergish aitwaye Behram alikuwa ameandaa benchi la marumaru kando ya bustani ya mtaa. Jiwe lilikuwa tayari kwa mchongaji, na maneno yalishaandikwa kwenye karatasi: *Fali Dubash, aliyelibuni neno Bollywood.*

"Baba," alisema Nergish, "unamjua huyu?"

Fali alilivuta gazeti, akalisogeza mbali na macho, akalirudisha karibu.

"Namjua. Mungu amrehemu. Mwongo."

"Baba! Mtu hata hajafika salama huko aendako."

"Akifika ataulizwa, na ataona aibu." Fali aliuweka mkate chini. "Sikiliza, mwanangu. Ilikuwa mwaka sabini na sita, mwezi wa sita, mvua inanyesha kama imetumwa. Nimekaa kwenye chumba cha uchapaji, mpanga herufi ananiambia, Bwana Dubash, kichwa chako cha habari hakiingii. Nilikuwa nimeandika 'sinema ya Kihindi ya Bombay'. Akaniambia nina nafasi ya herufi tisa tu. Tisa! Nikahesabu kwa vidole. Bollywood. Likaingia kama ufunguo kwenye kufuli."

Nergish aliijua hadithi hiyo neno kwa neno, hata pale pa kutulia na pale pa kuinua kidole. Lakini yeye kazi yake ilikuwa kamusi. Miaka ishirini na tano alikuwa akikaa ofisini na wenzake watano wakikusanya maneno ya Kigujarati, kila neno na ushahidi wake: nani kalisema, wapi, lini. Neno lisilo na ushahidi halikuingia. Na siku hiyo, kwa mara ya kwanza, alijiuliza swali ambalo alishangaa halikuwahi kumjia: mbona hili moja hajawahi kulidai ushahidi?

"Hiyo safu yako ya gazetini unayo?" aliuliza.

"Ilikuwa kwenye sanduku. Mafuriko ya mwaka 2005 yakalila sanduku. Unataka nini, risiti?"

"Nataka kuiona tu, baba."

"Basi kaione," alisema mzee, akarudi kwenye chai yake.

Kesho yake Nergish aliomba ruhusa kazini, akaenda Chor Bazaar, kwenye duka la Zubeda Ansari, mjane anayeuza mabango ya filamu na magazeti makuukuu. Duka lilijaa mpaka mlangoni. Zubeda alikaa juu ya kigoda katikati ya nyuso za waigizaji waliochorwa kwa rangi nyekundu na bluu, akijipepea kwa kipande cha bango.

Nergish alipotaja jina la gazeti na mwaka, Zubeda aliacha kujipepea.

"Na wewe ni binti wa aliyelibuni?"

"Umejuaje?"

"Dada yangu, wewe ni wa tatu. Wa kwanza alikuwa mtoto wa kiume, mpole. Wa pili alikuja na wakili." Akacheka mpaka bangili zikalia. "Nilimwambia wakili, hapa nauza karatasi, vyeti vya kuzaliwa viko manispaa. Ingia, tafuta mwenyewe. Ila ukipiga chafya usinilaumu."

Nergish alipiga chafya kutwa nzima. Alipitia marundo matatu, vumbi likamkaa kwenye nyusi. Saa tisa alasiri alilipata: toleo moja la Juni, mwaka sabini na sita, jalada limechanika pembe moja. Ukurasa wa kumi na nne ulikuwa na picha ndogo ya baba yake akiwa na nywele. Na juu ya safu, kwa herufi nene tisa za Kiingereza, neno lenyewe.

Moyo ulimruka kwa furaha. Mzee hakusema uongo! Akaketi palepale sakafuni aisome safu yote. Mstari wa tatu ulimsimamisha.

"Huku Bollywood, kama anavyopenda kutuchokoza rafiki yangu Haldar mpambaji wa waigizaji, wiki hii hakuna mwigizaji aliyelia machozi ya kweli."

Kama anavyopenda kutuchokoza rafiki yangu Haldar. Aliyarudia kwa sauti, na Zubeda akainua kichwa.

"Umepata baba au umempoteza?" aliuliza.

"Sijui," alisema Nergish. "Nadhani nimepata wa pili."

Jioni Behram alipoonyeshwa karatasi hiyo alikuwa mkali kama pilipili.

"Choma," alisema. Walikuwa wamesimama kwenye ngazi, wakinong'ona ili mzee asisikie. "Dada, nakuomba. Mchongaji ameshaanza. Mzee ana miaka themanini, hana kingine. Gazeti alilofanyia kazi limekufa, rafiki zake wamekufa. Ana neno moja. Unataka kumnyang'anya kwa ajili ya mdudu wako wa kamusi?"

"Sitaki kumnyang'anya. Nataka kujua."

"Kujua, kujua! Ukishajua utakula?"

Nergish hakuchoma. Hakumwambia baba pia. Kilichomsumbua ni jina hilo, Haldar. Katika hadithi zote za Fali, mpambaji huyo hakuwamo hata mara moja. Ijumaa alipiga simu kwenye chama cha wapambaji wa sinema, akaambiwa Nripen Haldar yu hai, anaishi Goregaon kwa mtoto wake wa kiume. Adhuhuri alikuwa ndani ya treni.

Alifunguliwa mlango na mkwe wa mzee, mwanamke wa Chennai aitwaye Kalyani. Haldar mwenyewe alikaa karibu na dirisha, mzee mwembamba Mbengali wa miaka themanini na minne. Kabla hata ya salamu aliutazama uso wa Nergish kama fundi anavyotazama ukuta.

"Taya hilo nalijua," alisema. "Wewe ni wa Fali. Bado yupo?"

"Yupo, mzee wangu. Jumapili anatimiza themanini."

"Na bado anadai neno ni lake?"

Nergish alimkabidhi gazeti. Haldar alisoma, midomo ikicheza. Alipofika mstari wa tatu akapitisha kidole juu ya jina lake.

"Aliandika," alisema. "Mimi sikujua kusoma Kigujarati vizuri wakati ule. Hakuna aliyeniambia kwamba aliandika."

Ndipo hadithi ikamtoka. Mwaka themanini na moja walikuwa kwenye karamu ya mtayarishaji mmoja, na mgeni kutoka London akauliza neno Bollywood limetoka wapi. Fali, glasi mkononi, akajibu: kwangu. Haldar alikuwa amesimama nyuma yake.

"Nilikuwa na sahani ya samaki," alisema. "Nikaiweka chini, nikaondoka. Mpaka leo sijasema naye. Miaka thelathini na tatu, kwa ajili ya neno ambalo wala silipendi!"

"Kwa hiyo lilikuwa lako?" Nergish alitoa daftari lake. Hakuweza kujizuia.

Haldar aliangalia nje.

"Ningependa kusema ndiyo. Sisi tulikotoka, Calcutta, studio zilikuwa Tollygunge, na watu walikuwa wakisema Tollywood tangu mimi mtoto. Nilipokuja Bombay, wenzangu hapa walinitania kila siku: Haldar, vipi huko Tollywood kwenu? Siku moja kwenye foleni ya chakula studioni likarudishwa kwao: na nyinyi je, Bollywood? Watu wakacheka mpaka wakamwaga dengu." Akatikisa kichwa. "Lakini aliyesema ni mimi, au aliyekuwa nyuma yangu? Kicheko nakikumbuka, mwanangu. Mdomo siukumbuki."

"Lilikuwa utani tu?"

"Tusi! Maana yake nyinyi mnaiga, nyinyi ni kivuli cha Wamarekani. Watu wazima waliokuwa wakitengeneza filamu tangu enzi za babu zao, uwaite kivuli? Wapo walionuna. Wapo wanaonuna mpaka leo, ukiwaambia neno hilo wanakurekebisha: sema sinema ya Kihindi. Na vijana wanalivaa shingoni kama koja la maua."

"Mimi nanuna," alidakia Kalyani, akiweka chai mezani. "Ofisini kwetu kuna bosi wa ng'ambo. Ananiambia, Kalyani, jana nimeona filamu nzuri ya Bollywood. Namuuliza ipi, ananitajia filamu ya Kitamil! Ya kwetu, imepigwa Chennai, hakuna hata neno moja la Kihindi ndani yake. Nikamwambia, bwana, hapo umemwita shangazi yangu kwa jina la jirani."

"Akasemaje?"

"Akasema, si yote mnacheza ngoma?"

Haldar alicheka mpaka akakohoa. Nergish aliandika haraka. Alikumbuka mpwa wake anayelipia mazoezi ya viungo yaitwayo Bollywood, ambayo hayana filamu wala mwigizaji, ila jasho na muziki. Alikumbuka harusi ya jirani, mama wa bwana harusi akilalamika kwamba sari za bibi arusi zimezidi kuwa za ki-Bollywood, maana yake zinang'aa kupita adabu. Neno moja, na kila mtu kalivalisha nguo yake. Alipofunga daftari alikuwa na maana sita na mwanzo wa neno bado hana.

Jumamosi mchana, Behram akiwa ameenda kwa mchongaji, Nergish aliketi na baba yake, akamsomea safu. Alisoma kichwa cha habari kwanza, na Fali akapiga paja.

"Herufi tisa! Si nilikuambia?"

"Ulisema kweli, baba." Kisha akasoma mstari wa tatu.

Nje, mtu wa mboga alikuwa akinadi bamia.

"Rudia," alisema Fali.

Akarudia.

"Niliandika mwenyewe?"

"Wewe mwenyewe. Jina lako lipo juu."

Mzee alivua miwani, akaifuta kwa ncha ya shati, akaivaa, akaivua tena.

"Basi wakati ule nilikuwa mtu mwema," alisema polepole. "Unajua, nimelisimulia jambo hili mara nyingi, nikawa namtoa mtu mmoja mmoja. Kwanza nilimtoa Haldar. Baadaye hata mpanga herufi nilitaka kumtoa, ila bila yeye hadithi haichekeshi." Akanyoosha mkono. "Una namba yake? Usiniangalie hivyo. Najua ulikwenda. Umerudi jana unanukia treni na uso umejaa maswali."

Nergish alimpigia Haldar, akampa baba yake simu.

"Haldar? Ni Fali."

Sauti ya upande wa pili ilikuwa kubwa mno, Nergish aliisikia bila shida. "Fali yupi? Nawajua wawili, mmoja mwizi."

"Huyo huyo," alisema baba yake.

Vicheko viwili vya wazee vikagongana ndani ya simu, na Fali akaanza kulia, akamwashiria binti yake atoke nje.

Behram aliporudi na kuelezwa, alijishika kichwa. Mchongaji alikuwa ameshafika kwenye neno "aliyelibuni". Alirudi kwake mbio, wakabishana, na mwishowe jiwe likageuzwa, likachongwa upande wa pili jina la mzee na maneno "mwandishi wa sinema" tu. Upande wa uongo ukatazama ardhi. Behram alimnunia dada yake mpaka usiku, lakini asubuhi ya Jumapili ndiye aliyechora mapambo ya chokaa mlangoni na kumletea mzee tambi tamu na mtindi, kama ilivyo desturi yao siku ya kuzaliwa.

Haldar alifika saa nne na mkwe wake, kabeba kopo la vitamutamu vya maziwa. Wazee wawili walitazamana mlangoni.

"Umezeeka vibaya," alisema Haldar. "Ningekuwa na poda yangu ningekuokoa."

"Samaki wapo," alijibu Fali. "Safari hii umalize sahani."

Alipomkalisha, Fali alimshika mkono mbele ya wote akamwambia, "Nilikukosea," na Haldar akasema, "Najua," na hayo yakaisha hivyo.

Baadaye kidogo jirani mmoja, bibi mwenye sauti ya kengele, alimleta mjukuu wake aliyetoka Toronto likizo. "Mwanangu, msalimie mzee huyu. Ndiye aliyelibuni neno Bollywood!"

Behram aliinamisha uso.

"Hapana, bibi," alisema Fali. "Mimi nililiandika tu. Muulize huyu."

"Mimi nililisikia tu," alisema Haldar, mdomo umejaa. "Au nililisema. Mmojawapo."

"Sasa ni nani?" aliuliza bibi, amekasirika kama mtu aliyeuziwa tikiti ya filamu iliyokatika katikati.

Wazee wote wawili walimgeukia Nergish.

"Bado haijulikani," alisema. Na alipolisema aliona halikumuuma, kinyume chake aliona njaa ileile iliyompeleka kwenye vumbi la Zubeda. Akavuta kiti karibu na Haldar. "Mzee wangu, ile foleni ya chakula. Nani alikuwa akipakua?"

Haldar aliacha kutafuna, akafumba macho.

"Mwanamke wa Ratnagiri," alisema. "Mkali. Hakuna alichokuwa hakisikii."

Nergish alikuwa ameshatoa kalamu.