Vipande Vinne vya Mpira

Kilonzo alikuwa na mtindo wa kumpiga mkewe kwa urefu wa santuri moja. Aliweka santuri kwenye mashine, akashusha sindano, akafungulia sauti mpaka kwaya ikatikisa mabati, kisha akamgeukia Syombua. Dakika tatu na kitu. Wimbo ukiisha, naye amemaliza. Anafuta jasho, anavaa koti, anatoka kuwauliza wageni kama maji ya kuoga yamepata moto.

Hiyo ilikuwa mwaka wa sabini na nne, pale Mtito Andei, kwenye lojingi yake ya vyumba kumi na viwili kando ya barabara ya Mombasa. Madereva wa malori walimwita Mzee wa Nyimbo. Walidhani ni wokovu umemzidi.

Syombua alikuwa amepoteza meno mawili na mimba moja. Mara mbili alitoroka akarudi kwao Nunguni, na mara mbili akarudishwa. Baba yake alikuwa amekula mbuzi wa ntheo, na kwa Wakamba mbuzi hao wakishaliwa, mwanamke ni wa watu. Ukitaka kumtoa huko, wazee waketi na ushahidi uwekwe mbele yao. Waliketi. Pasta Jonah, aliyewafungisha ndoa, alikaa katikati na Biblia kwenye magoti.

"Maandiko yanataka mashahidi wawili au watatu," akasema. "Wako ni akina nani, mama?"

"Ni haya meno," Syombua akajibu, akafungua mdomo.

"Aliteleza bafuni," Kilonzo akasema kwa upole. "Nimemwambia mara ngapi asitembee na sabuni miguuni?"

Wazee wakacheka. Syombua akapandishwa gari siku hiyohiyo.

Musembi alikuwa kaka yake wa tumbo moja. Aliacha shule darasa la nne, akaenda Mombasa kujifunza redio kwa Mhindi aliyemzaba kofi kila alipounguza valvu, zile taa za kioo za ndani ya redio. Maneno ya wazee hakuyaweza, lakini mashine yoyote yenye waya iliyonyamaza, yeye aliisemesha. Kwa hiyo Kilonzo alipopata wazo jipya, alimtumia ujumbe yeye.

"Shemeji, nataka santuri moja ilie vyumba vyote kumi na viwili," akamwambia. "Na waya sitaki. Madereva wataziiba wafungie mizigo."

"Bila waya?"

"Kwani redio ya Nairobi inakuja hapa na waya?"

Musembi alijua namna. Alitengeneza kisanduku chenye valvu moja, akakiunga na mashine ya santuri, kikawa kinarusha sauti hewani kama kituo kidogo cha redio kisichovuka ua. Kila chumba akapigilia ukutani redio ndogo, akaitafutia sauti hiyo, kisha akagandisha kifundo chake cha kutafutia stesheni kwa gundi, ili mgeni asihamie kwenye muziki wa dansi. Mashine yenyewe Kilonzo alitaka ikae chumbani kwake, juu ya sanduku la plaiwudi lililopigiliwa ukutani kwenye kichwa cha kitanda, na ufunguo wa mlango ukae mfukoni mwake.

Siku ya kujaribu, Musembi aliwasha spika ya chumbani humo. Ikapiga mayowe ya kutoboa masikio. Kilonzo akaruka.

"Ni nini hiyo?"

"Sanduku hili la plaiwudi linasikia spika, spika inarudia, sanduku linasikia tena. Lazima niitoe, shemeji. Humu ndani kutakuwa kimya. Sauti itakuwa vyumba vya wageni tu."

"Itoe," Kilonzo akasema. "Nyimbo zenyewe nazijua kwa moyo."

Akaenda zake sokoni. Musembi akaingia chumba namba tisa kusikiliza. Wimbo ukaisha. Mashine ile haikuwa ya kuinua mkono wa sindano yenyewe. Sindano ilibaki chini inazunguka palepale, redio ikawa inavuma taratibu. Ndipo akasikia: ngo, ngo, ngo. Halafu mtu akakohoa, kama aliye ndani ya debe.

Akarudi mbio. Akamkuta Syombua na kitambaa anafuta vumbi kwenye sanduku.

"Ni wewe uliyekohoa?"

"Hata kukohoa nimekatazwa?"

Musembi akacheka, akamweleza. Plaiwudi ni ngoma. Ukiligusa sanduku, ukigusa hata ukuta au kitanda, sindano inatikisika na redio zote zinasema. Dawa yake ni ndogo tu. Akatoa kipande cha tyubu ya gurudumu mfukoni, akaanza kukata vipande vinne vya kuweka chini ya miguu ya mashine vimeze mtikisiko.

Syombua akamshika mkono wenye kisu.

"Bila huo mpira, linasikia?"

"Wimbo ukiwa umeisha na sindano iko chini, linasikia hata ukucha."

Nje jenereta ilinguruma nyuma ya jiko.

"Jumamosi Pasta Jonah analala hapa na kwaya yake," Syombua akasema. "Wanaenda mkutano Mombasa."

Musembi akaelewa. "Hapana."

"Usiweke mpira."

"Syombua, atakuua."

"Ukiweka, hataniua?" Akavichukua vile vipande vinne, akavifunga kwenye pindo la leso. "Mwana wa mwaitu, mtoto wa mama yangu. Wewe keti na huyo Pasta. Ukisikia pigo la kwanza, uje."

"Nitafika kabla ya la pili," Musembi akasema. Akaapa kwa kaburi la mama yao.

Jumamosi kwaya ikafika saa tisa alasiri, watu ishirini na mavumbi yao. Kilonzo akawazungusha vyumbani akiwaonyesha redio ukutani. "Nyimbo za Mungu kila chumba, bila waya," akawaambia, nao wakasifu.

Chumba namba tatu alikuwa Dubow, mchuuzi wa ng'ombe kutoka Garissa, anayengoja lori lake. Syombua alimpelekea chai. Dubow akachungulia kikombe.

"Dada, hii ni chai ya maziwa, ama ng'ombe alipita tu kando ya sufuria?"

Syombua akacheka. Alicheka kwa sauti, mkono haukuwahi kuziba mapengo. Kilonzo alikuwa kwenye ukumbi, akamwona. Alitoa ufunguo mfukoni, akampungia mkono aje, kama mtu anayemwita mkewe amtafutie shati.

Musembi alikuwa namba tisa na Pasta Jonah, ambaye alikuwa amevua viatu na anasugua nyayo. Redio ikaanza kuimba. Mzee akatikisa kichwa kwa kuridhika. Wimbo ukaenda mpaka mwisho wake, ukanyamaza, ukabaki ule mvumo wa sindano.

Chumbani kwake Kilonzo, aliyekuwa akimgombeza Syombua muda wote huo, hakujua kwamba wimbo umeisha. Kule ndani kulikuwa kimya tangu mwanzo, na damu ilikuwa imempanda masikioni.

*Du!*

Redio ilitikisika kwenye msumari wake. Musembi akasimama, mkono ukashika komeo.

"Ni nini hiyo?" Pasta akauliza. "Ni mchezo wa redio?"

Musembi akaganda. Mchezo wa redio. Akitoka sasa, ndivyo mzee huyu atakavyowaambia wazee wengine: nilisikia mchezo wa redio, na kijana akakimbia.

*Du! Du!* Kisha sauti nyembamba ya kwenye debe: "Ulikuwa unamchekea Msomali na meno gani? Na yale niliyokubakishia?"

Mshipi ukalia. Ulikuwa mkanda wa injini ya lori, Musembi aliufahamu, aliwahi kuuona umetundikwa nyuma ya mlango. Syombua akapiga ukemi, na ukemi ukatoka ukutani mwa vyumba kumi na viwili.

"Piga kelele! Piga! Wanasikia kwaya!"

Pigo la tano. La sita. Pasta alikuwa amesimama na kiatu kimoja mkononi. "Hiyo sauti..." akasema. "Hiyo sauti naijua?"

"Sikiliza," Musembi akasema. "Sikiliza vizuri."

La nane lilikuwa zito na halikuwa la mkanda. Ni kichwa kilichogonga sanduku. Sindano iliruka, redio ikapasua sauti, ikatulia. La tisa. La kumi.

"Nenda tena kwa Jonah wako!" Kilonzo akahema. "Mwambie akutafutie shahidi!"

Uso wa Pasta ukawa majivu. Likaja la kumi na moja, na baada yake Syombua hakulia.

Ndipo Musembi alipofungua mlango.

Dubow alikuwa ametangulia, anapiga teke mlango wa Kilonzo huku akilaani kwa Kisomali. Musembi akanyakua chuma cha jeki kwenye lori lililoegeshwa uani, akakitwanga kitasa mpaka mbao ikapasuka. Kilonzo aliwapokea kwa mkanda. Ulimchana Dubow kutoka nyusi hadi kidevuni, damu ikaruka ukutani. Mkono uliporudi nyuma kwa pigo la pili, Musembi aliupiga kwa chuma. Mfupa ukavunjika kama kuni kavu.

Kilonzo akaanguka akishika mkono, akamwita Mungu, akamwita shemeji. Musembi akampiga gotini. Akampiga begani. Akampiga mbavuni. Alikuwa anahesabu kwa sauti bila kujua. Alifika kumi na moja, na alikuwa ameinua la kumi na mbili Dubow alipomkumbatia kwa nyuma akamwinua juu kama ndama.

"Inatosha, ndugu! Utafungwa kwa ajili ya mzoga!"

Vyumba vyote vilisikia hayo pia, maana hakuna aliyekumbuka kuinua sindano. Ni Pasta Jonah aliyeiinua mwishowe, naye akaikwaruza santuri kutoka katikati hadi ukingo.

Syombua alikuwa chini kati ya kitanda na ukuta. Damu ilimtoka sikio la kulia, nyeusi, haina haraka. Wanawake wa kwaya walijaa mlangoni, mmoja akivua kitambaa chake cha kichwa amfunge.

"Mama," Pasta akasema, "tuombe."

"Ulisikia?" Syombua akamuuliza.

"Nilisikia."

"Basi kaombee nyumbani kwako. Kwa wazee utakuja kusema."

Akamgeukia Musembi, aliyepiga magoti kando yake na bado ana chuma mkononi.

"Na wewe ulisikia la kwanza?"

"Nilisikia."

"Nilikuwa nayahesabu," akasema. "Nikajua uko njiani."

Musembi akafungua mdomo amweleze habari ya mchezo wa redio. Hakuweza.

Lori la Dubow lilipofika, Syombua aliondoka nalo, amelala juu ya magunia mbele ya ng'ombe, Dubow mwenyewe ameshika kitambaa usoni. Mwezi uliofuata wazee waliketi Nunguni, na safari hii mashahidi walikosa viti. Mbuzi wa ntheo walirudishwa. Kilonzo alikuja na mkono uliounga vibaya, akasema mkewe aliteleza. Hakuna aliyecheka.

Sikio la kulia halikupona; halisikii tena. Syombua alifungua duka dogo la nguo pale sokoni Nunguni, na mtu akitaka kusema naye huzungukia kushoto. Kila mwisho wa mwezi Musembi humtembelea na sukari na majani ya chai. Syombua humkaribisha vizuri, humtilia chai yenye maziwa ya kweli, kisha humsogezea kigoda upande wa kulia. Naye huketi hapo.

Vile vipande vinne vya mpira viko juu ya meza ya kukatia nguo. Huvitumia kuzuia karatasi zisipeperushwe.