Jina la Mwenyekiti Kwenye Kanda

Januari alipofika na shikamoo yake, Maduhu alikuwa anafunga zizi, na hakuitikia mpaka alipomaliza kukaza kamba.

"Marahaba. Unatafuta nini?"

"Gitaa lako, Baba Paskalia. Na mikono yako."

Januari alitoka machimbo ya Geita, ambako wachimbaji walimjua kwa kurapu huku karasha zikisaga mawe nyuma yake. Sasa alitaka kutoa albamu, nyimbo nane kwenye kanda, rapu iliyochanganywa na roki. Mzungu mmoja wa kuchoronga miamba alimwachia kanda za roki kwenye gesti, naye Januari akazisikiliza mpaka utepe ukalegea.

"Wenzangu wote wanarapu juu ya midundo ya kunakili," alisema. "Mimi nataka gitaa lingurume kama limeudhiwa. Nasikia spika yako imechanika."

"Imechanika, haijaudhiwa. Aliyeudhiwa ni mimi."

Miaka sita Maduhu hakuwa amelishika gitaa lile. Zamani alipiga katika bendi ya Chama cha Pamba cha Igunhwa. Siku moja mwenyekiti wa chama, Bwana Mageni, alipata mgeni kutoka mkoani, akaagiza Land Rover ya chama ipakie bendi nzima kwenda kumtumbuiza. Siku hiyohiyo Zipora, mke wa Maduhu, alishikwa na uchungu wa mtoto wa pili. Majirani walikwenda kuomba gari, dereva akawa tayari, Mageni akasema gari lina kazi ya chama. Walimpandisha Zipora kwenye mkokoteni wa ng'ombe. Hakufika hospitali, wala mtoto hakufika. Pamba ya wakulima ilijenga nyumba ya bati ya Mageni, gari la wakulima likambebea spika. Wakubwa ndivyo walivyo: ukiwa mzima wanakuhesabu, ukiwa mgonjwa hawakujui.

"Nitapiga," Maduhu alisema, "lakini wimbo mmoja uwe wa Mama Paskalia. Na jina la Mageni litajwe. Siyo 'kiongozi fulani'. Mageni."

Januari alikuna kidevu. "Litatajwa, mzee."

Walirekodi Shinyanga mjini, chumba cha nyuma cha duka la Hozefa, muuza redio. Maikrofoni ilikuwa moja, ikining'inia kwenye waya katikati ya chumba, na kila mtu alitakiwa kupiga na kuimba kwa wakati mmoja. Nyimbo saba zilikwenda vizuri. Wa nane ulipoanza, Hozefa aliinua mkono.

"Mzee, punguza gitaa. Mshale wa kupimia sauti unagonga kwenye nyekundu."

"Wewe Mhindi, kazi yako kubonyeza. Bonyeza."

"Nabonyeza, lakini usije kunilaumu."

Maduhu alipiga. Kila Januari alipokaribia jina lile, mkono wa Maduhu ulizidi kupanda, nyuzi zikapiga yowe, spika iliyochanika ikakoroma mpaka vioo vya kabati vikatetemeka. Alitoka pale shati limelowa, akajiona ametua mzigo.

Kanda ilitoka. Jumatano ya kwanza Januari alitandika turubai kwenye mnada wa ng'ombe wa Samuye, akaunga redio kwenye betri ya gari. Watu walijaa. Wengine walicheka, wengine waliziba masikio, lakini hawakuondoka. Maduhu alisimama kando, gitaa begani, spika yake miguuni, macho njiani. Alikuwa anamngoja mtu mmoja.

Mageni akaja na fimbo yake ya kupimia ng'ombe, akasimama mbele ya redio. Wimbo wa nane ukaanza. Maduhu alibana meno. Mstari wa jina lake ukafika, na Mageni akatikisa kichwa, taratibu, kama mtu anayefurahia uji. Ulipokwisha alichukua kanda moja.

"Maduhu! Hujasahau kazi. Tarehe saba tunapokea mgeni, uje utupigie."

Maduhu alimrukia Januari kwenye kola. "Amekupa nini? Umelifuta jina!"

"Niachie, mzee! Sikufuta kitu." Januari alirudisha utepe, akapiga tena pale pale. "Sikiliza mwenyewe."

Maduhu alisikiliza. Neno lilikuwepo, mdomo ulianza kulitamka, halafu gitaa likalikanyaga lote. Gitaa lake. Akalisikiliza mara ya tatu, ili awe na hakika.

Akabonyeza kitufe, redio ikanyamaza. Akamgeukia Mageni mbele ya mnada wote.

"Wimbo huo unasema Mageni wa Igunhwa alimuua Zipora kwa kumnyima gari. Ndio ulikuwa unautikisia kichwa."

Mtu mmoja aliguna. Mageni alikunja uso. "Mkeo alikufa kwa amri ya Mungu."

"Mungu hakuwa na ufunguo wa Land Rover. Ulikuwa mfukoni mwako."

"Na wewe ulikuwa wapi?" Mageni alinyoosha fimbo. "Si ulikuwa nyuma ya gari lilelile, umepakata gitaa? Mbona hukushuka?"

 Maduhu alitazama mikono yake.

"Nilikuwemo," akasema. "Ulinikataza kushuka, nikaogopa kufukuzwa. Hilo nalo liingie. Januari, una kanda ya kurekodia?"

"Ninayo hii moja tu, na vitundu vya juu vimevunjwa, hairekodi."

"Vizibe."

Januari alichana karatasi ya pakiti ya sigara, akaitafuna, akaviziba vitundu ili kanda ikubali sauti mpya. Redio yake ilikuwa na maikrofoni ndogo ubavuni. Akabonyeza vitufe viwili kwa pamoja, akaanza kurapu mstari kwa mstari, ng'ombe wakilia nyuma yake. Maduhu alikuwa amechomeka gitaa kwenye spika yake iliyochanika, lakini kiganja chake kilizilalia nyuzi zote sita zisilie.

Mageni alikuwa bado amesimama palepale jina lake lilipopita, likasikika mpaka kwa wauza chumvi. Kisha likapita la Maduhu. Hapo ndipo Maduhu alipoinua kiganja, gitaa likanguruma.