Machela Iliyokwama Mlangoni mwa Insafu

Watu wa Umboni, kabla hawajafundishwa kujionea haya, walikuwa na ada moja iliyowashangaza majirani zao wote: hapana chombo kilichobuniwa katika nchi ile, kiwe mwiko au kiwe jeneza, kilichoruhusiwa kuingia nyumbani mwa mtu kabla hakijachekwa hadharani. Nchi yenyewe ilikuwa imeuparamia mlima kwa kucha na meno, nyumba juu ya nyumba, ngazi juu ya ngazi, vichochoro vyake vyembamba na milango yake imefinywa makusudi ili upepo wa kileleni usipate pa kupenya. Katika mji wake mkuu, Mteremkoni, lilisimama Jumba la Manufaa, nyumba ya biashara iliyoasisiwa na marehemu Bibi Usuli, ambayo iliwauzia watu wa mlima ule vyombo vyao vyote tangu kuzaliwa hadi kuzikwa. Uani mwa Jumba palikuwa na Banda la Matete, na humo ndimo yalimozaliwa maumbo.

Fundi wa Banda hakuanza kwa kalamu. Alianza kwa kuonja taabu: alikwenda kukaa na yule aliyekuwa akiteseka na chombo kibovu, akala naye, akakitumia chombo kile mpaka kikamchubua kiganja palepale kilipomchubua mwenyewe. Kisha alirudi, akaunda mfano wa matete na gundi ya ngozi, akaubeba sokoni asubuhi ya Alhamisi, akausimamisha mbele ya halaiki na kufunga mdomo. Hiyo ndiyo Siku ya Kuchekwa. Kila mpita njia alikuwa na haki ya kuushika mfano ule, kuupindua, kuukalia, kuuvunja na kuusimanga. Fundi hakuwa na haki ya kujibu hata kwa kukunja uso. Alirudi nao bandani, akaurekebisha, akaja tena Alhamisi iliyofuata, na tena, mpaka ifike siku soko linyamaze, mwanamke mmoja akitwae chombo bila kusema neno na kwenda zake nacho. Ukimya ule ndio uliokuwa muhuri. Hapakuwa na muhuri mwingine.

Wapo leo watakaosema mambo yale yalikuwa ya kishamba. Waseme. Vyombo vile bado viko jikoni kwao.

Bi Tajiriba, mkuu wa Banda, alizikumbuka Alhamisi zile kama mtu anavyokumbuka harufu ya nywele za mama yake: bila kutafuta, na ghafla, katikati ya kazi nyingine. Alikumbuka vumbi la matete lililoelea kwenye mwanga, na mihogo ya kuchoma waliyoila wamekalia maranda, na pilipili iliyowatoa machozi. Zaidi ya yote alimkumbuka kijana mmoja aliyeitwa Msikivu, fundi aliyechekwa kuliko mafundi wote wa zama zao, na ambaye vyombo vyake, labda kwa sababu hiyo, vilidumu kuliko vya wote.

Siku Msikivu alipoleta ndoo yake ya kisima, muuza ndizi mmoja aliitazama, akaizunguka, akaivaa kichwani.

"Mwanangu, hii ni ndoo au kofia ya mjomba wako?"

"Ni kofia!" wakajibu wenzake. "Mjomba mwenyewe kichwa kama boga!"

Msikivu alisimama pale amebana midomo, mabega yakimtikisika, machozi ya kicheko yakimchuruzika mashavuni, na asiseme kitu. Jioni alimwambia Tajiriba, "Umeona alivyoishika? Kwa ukingo! Mpini haukumjia mkononi kabisa. Yule mama amenipa mpini, Taji." Na ndoo aliyoileta baadaye ndiyo hadi leo inayoteremka katika kila kisima cha mlima ule.

Bibi Usuli alipofariki, mafundi walimchagua Msikivu awe Mudiri wa Jumba, na hapana aliyenung'unika. Lakini Alhamisi moja walifika wageni kutoka nchi ya Ughaibuni, wenye majoho ya hariri na pepeo za manyoya, wakamkuta Mudiri amesimama sokoni kando ya taa yake ya matete, na ajuza mmoja akiiita taa ile kibuyu chenye mimba. Wageni hawakucheka. Walitazamana nyuma ya pepeo zao wakatabasamu kidogo, kwa adabu, na tabasamu lile lilimchoma kuliko vicheko vyote vya ujana wake.

Tangu siku hiyo Msikivu alijiita Fahari, na Jumba la Manufaa likawa Kasri ya Fahari. Siku ya Kuchekwa ilipigwa marufuku kwa kuvunja heshima ya nyumba. Mahali pake ziliundwa diwani, mabaraza yenye mazulia na mapazia: Diwani ya Nakshi, Diwani ya Haiba, Diwani ya Tahadhari, Diwani ya Lakabu. Kila mchoro ulitakiwa upite katika diwani zote, na kwa mujibu wa Kanuni ya Athari kila diwani ilitakiwa iache alama yake juu ya mchoro, maana diwani iliyoupitisha bila kuugusa ilihesabiwa kuwa imelala. Basi hapana iliyothubutu kutougusa. Watu wenye akili timamu, waliosoma, wenye watoto na huruma zao, waliketi asubuhi hadi jioni wakitafuta mahali pa kuongeza kitu.

Ndivyo ilivyoharibika machela. Katika mji wa ngazi mgonjwa hafiki kwa tabibu ila kwa mabega ya wenzake, na machela ya zamani, iliyokuwa imechakaa, ilihitaji mrithi. Mchoro ulitoka bandani ukiwa miti miwili na turubai. Diwani ya Nakshi ikaupa taji la mbao lenye tausi wawili. Haiba ikaongeza kuba la mahameli, mgonjwa asionekane akiugua. Tahadhari ikaweka kingo za mvule pande zote, kisha, kwa kuwa kingo zilikuwa nzito, ikaagiza wabebaji wanane. Lakabu ikaiita Siti ya Afueni. Ilikuwa nzuri, haki ya Mungu. Haikuweza kukata kona ya kichochoro chochote cha Mteremkoni. Watu wakaanza kuwateremsha wagonjwa wao mgongoni, au juu ya milango waliyoing'oa, na wengine hawakufika.

Bi Tajiriba aliandika malalamiko. Malalamiko yakapita katika diwani zote, yakarudi yamenakshiwa. Hapo ndipo alipokwenda kuonja taabu. Alikaa kwa Mabega, mkuu wa wabebaji, mtu mpana mwenye maneno mengi kuliko ngazi za mlima, akabeba pamoja naye mpaka mifupa ya shingo ikawaka. Akaunda machela nyembamba ya mianzi, yenye mikanda ya kuvaa begani. Kisha, Alhamisi moja, mbele ya macho ya askari wa Kasri, akaisimamisha sokoni na kufunga mdomo.

Watu walisita mwanzoni, kama waliosahau njia ya kwao. Mabega ndiye aliyeanza.

"Bi mkubwa, hii ni ya kubebea mgonjwa au ya kuanikia dagaa?"

Bi Tajiriba akashitakiwa siku ileile.

Usiku wa kuamkia hukumu haukumpa usingizi, lakini kilichomuuma zaidi kilitokea mchana uliotangulia, Mudiri Fahari alipokuja bandani mwenyewe, ameinua pindo la joho lisiguse maranda.

"Taji," alisema, na hakuwa amemwita hivyo kwa miaka. "Ukipatikana na hatia, Banda litafungwa. Si mimi, ni kanuni. Peleka machela yako diwani, waiguse kidogo tu, jambo liishe."

"Kidogo kiasi gani?"

"Tausi mmoja."

"Na atakayembeba huyo tausi ngazini ni nani, Mudiri? Wewe?"

Fahari alitazama kuta zilizoning'inizwa mifano ya zamani, miiko na taa na makubazi ya matete, akanyoosha mkono kuelekea ndoo fulani, kisha akaurudisha.

"Ulimwengu umekwenda mbele, Bi Tajiriba," akasema, na akatoka.

Mahakama ya Insafu ilikuwa nyumba kongwe, yenye mlango finyu kama milango yote ya mlima ule, na kitini aliketi Kadhi Taratibu, mtu ambaye hakuwahi kumdhulumu mtu wala kumsaidia, maana yote mawili yangemtaka aamue jambo. Karani alisoma mashitaka: kwamba mshitakiwa ametoa umbo lisilo na athari ya diwani yoyote, na kwamba amewachekesha raia bila idhini.

"Sheria haihukumu kisichoonekana," alitamka Kadhi. "Machela zote mbili ziletwe."

Ya mianzi iliingia kwapani mwa Mabega, kama mkeka. Kisha likasikika tarumbeta nje.

"Ili mahakama iione raha yake," ilisema sauti ya Fahari kutoka barazani, "nitalala juu yake mimi mwenyewe."

Wabebaji wanane wakaja kwa mwendo wa madaha hadi mlangoni, na mlangoni wakasimama. Kuba liligonga kizingiti. Wakainamisha mbele, Mudiri akateleza hadi makubazi yake yakawagusa tausi. Wakainua nyuma, kingo za mvule zikabana miimo pande zote mbili, na Siti ya Afueni ikatulia pale, nusu yake ndani ya haki na nusu yake nje.

"Rudini nyuma!"

"Hairudi, Mheshimiwa!"

"Basi ingieni!"

"Haiingii, Mheshimiwa!"

Mabega alisogea akainama kwa heshima zote. "Mheshimiwa Mudiri, hebu vuta tumbo ndani kidogo, sisi tutasukuma kwa dua."

Kisha bibi mmoja nyuma kabisa akauliza, kwa sauti ya mtu anayetaka kujua kweli, "Jamani, huyu ni mgonjwa au ni bibi harusi?"

Kicheko kikapasuka. Kilianzia nyuma kikaja mbele kama maji yaliyovunja kingo, wakacheka wabebaji, wakacheka askari, karani akaangusha kalamu, na Bi Tajiriba, aliyesimama kizimbani amebana midomo kwa mazoea, hakuwa akimtazama mtu mwingine ila yule aliyelala chini ya mahameli, na aliona mabega yake yakianza kutikisika.

"Msikivu," alimwambia taratibu. "Sikiliza. Wanakuonyesha kosa lilipo."

Walitazamana. Midomo ya Mudiri ilibanwa vilevile kama zamani, chozi likamng'aa ukopeni. Halafu macho yake yalikwenda kwenye benchi la mbele, walikoketi wakuu wa diwani na majoho yao, na hapana hata mmoja kati yao aliyecheka. Uso ukafungwa.

"Sayidi Kadhi," alisema, bado amelala, "mlango huu ni finyu kupita kiasi."

Kadhi Taratibu alipumua kama mtu aliyetuliwa mzigo. Aliandika kwamba mahakama imeona, bila shaka yoyote, kuwa mlango ulijengwa kinyume cha machela, kwamba ubomolewe, na kwamba milango yote ya Mteremkoni ichunguzwe kwa kosa hilohilo.

Mudiri aliponasuliwa na kupanguswa vumbi, alikuwa mkarimu.

"Nimejifunza leo," aliwaambia watu. "Kicheko kina faida. Kwa hiyo tutaunda Diwani ya Kicheko, itakayokutana ndani, kwa nafasi, na kucheka kwa kiwango kinachokubalika. Bi Tajiriba ataiongoza. Akikubali, mashitaka yafutwe na Banda libaki wazi."

Mafundi wa Bi Tajiriba walikuwa wamejipanga ukutani. Aliwaona wakimtazama. Aliona mikono yao yenye gundi, na nyuma yao akaona vumbi la matete na mwanga na mihogo, na alijua kwamba neno moja lingemrudishia chumba kile, ingawa si siku zile.

"Na Mudiri naye atachekwa?" aliuliza.

"Mudiri yuko juu ya utaratibu," alijibu Kadhi.

"Na mgonjwa anayebebwa, ataitwa?"

"Atawakilishwa."

"Basi fungeni," alisema Bi Tajiriba, na sauti yake haikuwa ya ushujaa. Ilikuwa ya mtu aliyechoka.

Walilifunga Banda kabla ya adhuhuri. Mifano ya ukutani ilitolewa nje ikawa kuni za kuchemshia kahawa ya diwani, na matete makavu, mnajua yanavyowaka. Alikuwa bado amesimama uani, moshi ukimwingia machoni, Mabega alipokuja mbio na machela ya mianzi begani, ambayo katika msukosuko wa mlango hapana aliyekumbuka kuitaifisha.

"Bi mkubwa, Bi Subira wa juu kabisa kule, mguu umevimba kama mtungi. Mwenzangu kakimbilia kwenda kubomoa mlango, eti wanalipa. Utashika nyuma?"

Alishika nyuma. Bi Subira hakufanana na jina lake hata chembe. Alilalamika tangu ngazi ya kwanza.

"Mnaniteremsha au mnanimwaga? Na hapa kichwani, yallah, shingo inaning'inia kama ya kuku wa kuchinjwa!"

"Shukuru unabebwa, bibi," alisema Mabega kwa ukali. "Mwenye machela yake leo kafungiwa—"

"Tua," alisema Tajiriba.

Waliitua kwenye kona ya ngazi. Kutoka chini zilipanda sauti za nyundo kwenye mlango wa Insafu. Tajiriba alichutama, akaichana kanga yake pindoni, akaifunga kati ya mianzi chini ya kisogo cha ajuza.

"Hivi?"

"Bado."

Akafungua, akafunga juu zaidi. "Hivi?"

"Bado, mama, bado! Una haraka ya kwenda wapi?"

"Sina pa kwenda, bibi," alisema Tajiriba, na akalifungua fundo tena.