Chungu cha Kituo cha Nne

Vyungu sita viliwasili ofisini Alhamisi, saa nne na robo asubuhi, ndani ya maboksi ya sabuni yaliyofungwa kwa kamba ya katani. Dereva wa ofisi, ambaye wote walimwita Gia kwa sababu hata akitembea kwa miguu mkono wake ulikuwa ukibadilisha gia hewani, alivichukua stendi, akavipanga juu ya meza ya mikutano kwa kufuata njia: kituo cha kwanza dirishani, cha sita mlangoni. Ndivyo ofisi ile ilivyofanya kazi. Kabla ya kupeleka wageni wakale kwa mtu, mwenyeji alituma chungu chake kionjwe, na mratibu wa safari akajaza fomu: chumvi, usafi, ladha, maelezo.

Safari ilikuwa ya siku sita, wageni arobaini, basi moja. Katika kila kituo wangeketi uani kwa mtu, waone chakula cha pale kinavyopikwa, wale, wapige picha, waondoke. Mratibu ndiye aliyeipanga yote. Alikuwa mwanamke makini mpaka kero, mtu wa kupiga simu mara ya pili kuuliza kama ile ya kwanza ilisikika. Kituo cha nne tu ndicho alichokichagua bila kwenda kukikagua. Kilikuwa kwa shangazi yake, aliyemlea tangu ana miaka mitatu. Hakuwa amefika huko kwa miaka sita, lakini alikumbuka alivyokuwa akishiba pale, akaona hakuna haja ya kuuliza.

Alionja cha kwanza, cha pili, cha tatu. Vilikuwa vizuri. Alipofunua cha nne, mvuke ulimpiga usoni, ila ndani hamkuwa na kitu. Chungu kilikuwa kisafi, kikavu, cha moto. Akakifunika. Alipofunua cha tano akakikuta kitupu nacho, ilhali Gia alikuwa amekibeba kimejaa pomoni. Cha sita hivyohivyo.

"Kimekula," alisema Gia akikuna kidevu.

"Kipi?"

"Hicho cha nne, dada. Mimi nilikiweka hapa. Sasa kiko pale."

Kweli, kilikuwa kimesogea kama shibiri mbili. Mratibu akaandika kwenye fomu, mahali pa maelezo: kina njaa. Kisha akafuta.

Hadi Ijumaa mchana chungu kilikuwa kimekula mikate ya watu wa mapokezi, sukari ya ofisi nzima, ndizi mbili pamoja na maganda, na gundi ya bahasha. Hakikufanya fujo. Kilisubiri mtu ageuze kisogo, basi. Dada wa mapokezi alibandika karatasi ukutani: TAFADHALI USIACHE CHAKULA MEZANI. Watu wakazoea kulia koridoni, wamesimama, kama wanavyozoea choo kisicho na komeo.

Mratibu peke yake ndiye aliyeogopa. Aliogopa kwa sababu alimjua shangazi yake. Tangu azaliwe hajamsikia akitamka neno "hakuna" mbele ya mgeni. Akija mmoja angempikia mmoja, wakija arobaini angewapikia arobaini, na kama ghala ni tupu angepika mbegu. Mtu akishapika mbegu zake hana cha kupanda, na shangazi alikuwa na miaka sabini na mbili. Akampigia simu akiwa amejifungia stoo.

"Shangazi, shikamoo."

"Marahaba, mwanangu. Chungu kilifika?"

"Kilifika. Shangazi, huko kuna chakula?"

"Wageni wako waje tu."

"Sikuulizi habari za wageni. Wewe leo umekula nini?"

"Tumekula."

"Nini?"

"Ebo! Umekuwa mtu wa kunihesabia matonge?" Shangazi akacheka, lakini kicheko kiliisha mapema. "Nilichokuwa nacho nilikitia humo chunguni. Kama kilipungua njiani, ni hayo mabasi yenu."

"Na kile kijito?"

"Kijito kilihama tangu wale wachimbe visima vyao kule juu. Tunateka mbali kidogo. Tumezoea."

"Mbegu je?"

"Zipo, zimening'inia juu ya moto, zinapigwa moshi kama siku zote."

"Usiziguse. Nakuomba, shangazi. Hata wageni wakifika."

"Wewe nawe! Mgeni aje akae uani atazame majivu?"

"Wale" ilikuwa kampuni ya maji ya chupa, na ndiyo iliyokuwa ikidhamini safari. Picha ya chupa yake ilikuwa imeshachorwa mlangoni mwa basi. Mratibu akaenda kwa mkurugenzi, akamkuta chumba cha mikutano akikitazama chungu.

"Bosi, kituo cha nne hakina chakula. Naomba tukifute."

"Kwa nini hakina?"

"Hakina maji. Hawa wameyamaliza." Akaonyesha katoni za chupa kando ya ukuta.

Mkurugenzi alichukua chupa moja, akasoma karatasi yake, akaifungua, akaimimina chunguni. Hakikulowa hata kitako. Akamimina ya pili, ya tatu, akamaliza katoni, akaanza nyingine.

"Kina kiu pia," alisema, akajifuta mikono. "Sikia, dada. Hicho kituo walipokiona kwenye orodha yako wamekishikilia wao wenyewe. Wanataka picha ya watu wakila pale, watu waone mahali pana neema. Sina uwezo wa kukifuta."

"Shangazi yangu atapika mbegu."

"Mwambie asipike."

"Hawezi."

"Basi hapo mimi nitaingiaje?" Alisema kwa upole kabisa. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa kutaka mambo yaende. "Mimi nafuata fomu. Chungu kikianguka kwenye fomu, hilo ni jambo jingine."

Mratibu alirudi mezani kwake, akajaza fomu. Chumvi, sifuri. Usafi, sifuri, ingawa chungu kilikuwa kinang'aa. Ladha, sifuri. Iliuma kuandika hivyo juu ya mikono iliyomlisha, lakini aliandika haraka, akapeleka mapokezi, na wikiendi ile akalala usingizi wa mtu aliyetua gunia.

Jumatatu, alipokuwa akivua koti, dada wa mapokezi alimwambia, "Ule ujumbe wa kituo cha nne nilishautuma Ijumaa ileile."

"Ujumbe gani?"

"Wa kifungu cha saba. Chungu kikianguka, mwenyeji anaarifiwa na kupewa nafasi ya kutuma kingine. Si wewe uliyekiandika?"

Alikuwa ndiye. Alikiandika miaka miwili nyuma, kwa huruma, baada ya bibi mmoja kulia kwenye simu kwamba siku ile kuni zilikuwa mbichi. Akakaa juu ya kiti cha wageni. Akafikiria shangazi yake akisomewa ujumbe ule na jirani, kwa sauti, pale uani: umepata sifuri, chakula chako hakiliki. Akapiga simu. Ikaita mpaka ikakata. Akapiga tena.

Gia aliingia na boksi la sabuni.

"Huyu mama ana mbio," alisema. "Kimekuja na basi la kwanza."

Chungu kilikuwa kizito. Ndani mlikuwa na maharage, yamejaa mpaka ukingoni, yamepikwa taratibu, bila hata moja lililopasuka. Mratibu alichukua kijiko, akaonja. Yalikuwa matamu kuliko alivyokumbuka. Alipoyatafuna akaupata moshi, na haukuwa moshi wa kupikia unaokaa juujuu kwenye mchuzi. Ulikuwa ndani ya punje yenyewe, moshi wa msimu mzima.

Alikisogeza karibu na kile chungu cha kwanza cha shangazi, akageuza kisogo, akangoja. Akahesabu hadi mia moja. Alipogeuka, maharage yalikuwa palepale. Chungu chenye njaa kilikuwa kimejisogeza mwenyewe mpaka mwisho wa meza, mbali nayo.

Mkurugenzi alionja akiwa amesimama, akaonja tena. "Sasa hiki ndicho chakula," alisema. Akaweka sahihi, na saa tano brosha ya vituo sita ikapelekwa kwa mpiga chapa. Chungu chenye njaa kikawekwa chini ya meza ya mapokezi, ambapo kilipewa makombo saa nne na saa kumi, na hakikumsumbua mtu.

Shangazi alipiga simu mchana. Sauti yake ilikuwa ndogo, ya mtu aliyeaibika.

"Mwanangu, hiki nacho kimewashinda?"

"Shangazi, ni zile mbegu?" aliuliza mratibu.

"Basi nisikilize, usihangaike," alisema shangazi. "Hizo ni nusu tu. Nusu nyingine nimeshawalowekea wageni wako."