Nyama ya Maslaha

Mwalimu Saado Alio hakuwa na wakili, ila mdomo alikuwa nao, na asubuhi hiyo katika mahakama ya Garissa mdomo huo ulimkauka. Wakili wa bodi ya shule, bwana mnene aitwaye Morris, alikuwa amesimama mbele ya hakimu akitabasamu. Alisema kesi imekwisha. Wazee wa koo mbili wamekaa, maslaha, yale mapatano ya kimila, yamepatikana, Fatiha imesomwa. Kilichobaki ni kufunga jalada, kila mtu arudi kwake.

Kesi yake Saado imekwisha, na yeye alikuwa wapi?

Kesi yenyewe haikuwa na mafumbo. Saado alikuwa amefundisha kwa miaka mingi katika shule moja ya msingi upande wa Diff, na mingi ya hiyo akiwa naibu wa mwalimu mkuu. Mvua kubwa ya mwaka wa tisini na saba ilipokata barabara, mwalimu mkuu alikwama Nairobi, na ni Saado aliyeishika shule hadi mtihani ukafanywa. Mkuu alipostaafu, bodi ikampa kiti Keynan, kijana aliyefika juzi na shahada ingali na joto la chuo. Bodi ilisema sifa hutangulia miaka. Hilo Saado hakulibishia. Aliuliza tu sifa zake yeye zilipimwa na nani, maana siku ya mahojiano hakuitwa hata kubeba chai. Alipokosa jibu akashtaki. Aliomba waitwe wote wawili, waulizwe maswali mamoja, na atakayeshinda ashinde.

Lakini kwao kesi haiwi ya mtu mmoja. Keynan ana ukoo wake, Saado ana wake, na kiti cha mwalimu mkuu wazee walikiona kama kisima: leo wanywe wenu, kesho wetu. Walikubaliana Keynan akae, na atakayemfuata atoke kwa kina Saado. Atakuwa mwanamume, bila shaka. Jambo kama hilo halipotezewi mate. Aliyesema kwa niaba ya Saado ni kaka yake Warsame, mfanyabiashara wa ng'ombe. Kumwuliza mwenyewe, nani aliona haja?

Hakimu Kang'ethe, ambaye hakuna alichopenda kama jalada kufungwa kabla ya jua kuwa kali, alimwuliza Saado kama ameridhia.

"Sijaridhia, Mheshimiwa. Sikuwepo."

Morris alilingojea jibu hilo. "Mwalimu, Ijumaa iliyopita, nyumbani kwa kaka yako, ulikula nyama ya ngamia?"

Ijumaa alikuwa amefika kwa Warsame na vumbi la safari, wifi yake akamletea sinia, naye akala kwa njaa ya kutwa nzima. Alipouliza karamu ni ya nini, Warsame alimwambia ni sadaka ya marehemu baba yao. Aliitikia amina na kuongeza mnofu. Kumbe ndiye ngamia wa maslaha, aliyeletwa na kina Keynan na kuchinjwa mbele ya wazee. Na upande ule hata mtoto anajua kwamba aliyekula nyama hiyo amekubali. Ukiila kisha ukageuka, neno lako halina bei tena sokoni wala msikitini. Wahenga walisema mla nawe hafi nawe ila mzaliwa nawe. Hawakutuambia tufanyeje mzaliwa nawe anapokulisha kwa hila.

"Nilikula," alisema.

Benchi la wazee waliokuja kushuhudia likanguruma. Keynan, aliyekaa pembeni yao, aliinamisha kichwa, na kwa mara ya kwanza Saado akajua kwamba kijana naye ana haya.

Hasira ilimpanda. Angeweza kusema amedanganywa. Lakini hapo angekuwa amemwita Warsame mwongo mbele ya ukoo wake, Warsame aliyeuza mbuzi wake wa mwisho ili yeye aende chuo cha ualimu. Akinyamaza, kesi inakufa, na shule anaiaga.

"Nilikula chakula cha kaka yangu," alisema mwishowe. "Kama niliambiwa ni cha nini, aulizwe aliyenipa."

Warsame, aliyeketi kati ya wazee, akaitwa kizimbani. Saado alijua anayopimiwa kaka yake: akikiri, maslaha yanavunjika mikononi mwake, atalipa ngamia na faini juu, na hakuna mzee atakayemtuma tena kuusemea ukoo. Warsame aliweka mkono juu ya msahafu, akauondoa, akaufuta kwenye shuka, akaurudisha. Alimtazama mzee wa mbele. Mzee naye alimtazama bila kupepesa.

"Hii dada yangu iliuliza nyama ni ya nini," Warsame akasema taratibu. "Mimi nikasema sadaka ya baba. Mimi ilidanganya. Kama ingejua, haiwezi kula, afadhali ilale njaa. Wazee ilikubali, mimi ilikubali. Yeye hakuna mtu iliuliza."

Mzee wa mbele aliokota bakora yake akatoka. Wengine wakamfuata mmoja mmoja, hakuna aliyemtazama Warsame, na benchi likabaki tupu. Hakimu alivua miwani, akaifuta, akasema ngamia ni mambo yao ya nyumbani. Yeye anachojua ni kwamba asiyeulizwa hakukubali. Kesi itasikilizwa.

Warsame alishuka. Mlango ulikuwa bado wazi na wazee hawajafika mbali, angewawahi, angewaangukia. Alisimama kidogo akiutazama. Kisha akaja kuketi nyuma ya dada yake, akamwinamia na kumnong'oneza kwa Kisomali.

"Abaayo, dada yangu, ngamia nitalipa mimi. Wewe sema."

Saado akasimama. Alitaja jina lake, la baba yake na la babu yake, kama walivyofundishwa wote wawili utotoni, kisha akaanza kujisemea mwenyewe.