Samaki wa Kuonyeshwa Mgeni

Mume wangu Abibo ana kipaji kimoja alichopewa na Mungu: anajua kupokea mgeni. Mgeni akifika kwetu anakalishwa kwenye mkeka mpya, analishwa kichwa cha samaki, na haoni hata siku moja ule upande wa uani ambako sufuria zimetoboka. Ndivyo tulivyo sote hapa, kutoka Quionga mpaka ufukweni. Aibu yako unailalia mwenyewe. Sikatai, mama yangu alinilea hivyo na mimi nimewalea wangu hivyo hivyo. Lakini mwaka huu ukarimu wetu umetuvua nguo hadharani, na mpaka leo nikipita sokoni natembea nikitazama chini, mimi Alima niliyekuwa nikitembea nikitazama watu.

Kisa chenyewe kilianza na majuya. Kuna watu waliomba kuleta kwenye ghuba yetu zile nyavu ndefu za kukokota, zinazozunguka kila kilichomo na kukiburuta mpaka mchangani: samaki, nyasi, mawe na kandambili za watu. Tukasema hatutaki. Abibo ni mwenyekiti wa kamati ya uvuvi, basi akapanda pikipiki mpaka Palma kumwona bwana Cosme, mtu wa serikali anayeshughulika na mambo ya bahari. Bwana Cosme akamjibu kistaarabu tu: nyinyi nimewasikia na wale nimewasikia, nitatuma mtaalamu awapime samaki wenu, kisha tutaamua.

Akaja Ivânia, binti wa watu kutoka Inhambane, huko kusini mwa Msumbiji, mrefu, mpole, Kiswahili chake cha kuokoteza. Ana mizani, ana ubao wa kupimia wenye namba, na ana kisu kikali kuliko visu vyote vya kijiji. Kazi yake ilikuwa kungoja vyombo virudi, kuwapima samaki urefu, halafu kuwapasua baadhi yao kutazama kama wana mayai au hawana.

"Msichana mzuri hivi," alisema wifi yangu Nuria, "kasoma mpaka kachoka, kumbe ni kwa ajili ya kupekua matumbo."

Siku ile ile Abibo alituita nyuma ya msikiti, wanaume kwa wanawake. Akasema, "Jamani, mnalijua shamba lenye magugu. Mwenyewe hunyang'anywa, akapewa mwingine. Huyu binti akiviona vile visamaki vyetu atasema hawa hawajui kutunza bahari, bora wapewe wenye majuya. Kwa hiyo wakubwa mbele, wadogo chini."

Hakuna aliyepinga. Mimi mwenyewe, ambaye Abibo akisema leo ni Ijumaa namwuliza nani kakwambia, siku hiyo nilisema, "Mume wangu, leo umenena."

Basi tukafanya kazi hiyo kwa bidii ambayo hatukuwahi kuifanya kwa jambo lolote la heri. Wale wachache wanaovua kwa mshipi nje ya mwamba, huko kwenye maji meusi, walileta changu na chewa wakubwa, wakawagawia wenzao, na kila chombo kikawa na wakubwa wake wa kupimwa. Wadogo walishushiwa upande wa mikoko. Wakaingia kwenye mabeseni yetu, juu tukatandaza kanga, tukapita nyuma ya minazi tukiongea habari za harusi.

Na mimi ndiye niliyekaa na Ivânia. Nilimletea chai, nikamsahihisha maneno yake, akaniita mama. Alikuwa na mafunzo yule mtoto. Alitwambia chewa huanza maisha yake akiwa jike, na akishakuwa mkubwa ndipo baadhi yao hugeuka madume. Nuria akasema basi kaka yake, huyu Abibo wangu, bado hajamaliza kugeuka, tukacheka mpaka tukashika mbavu. Alitwambia pia kwamba kila samaki ana kimo chake cha kuzaa. Ukimvua kabla hajakifikia, umekula yeye na watoto wake na wajukuu zake kwa mlo mmoja. Nilitikisa kichwa kwa masikitiko, nikasema watu wana roho mbaya. Beseni lilikuwa hatua chache nyuma yangu.

Siku moja aliniuliza, "Na nyinyi akina mama, mnavua?"

"Sisi? Hatuvui," nikamjibu. "Bahari ni ya wanaume."

Hilo sikuliona kuwa uongo, wallahi. Maji yakitoka tunashuka wanawake kwenye nyasi za baharini, tunatanda, yaani tunakokota vyandarua vyetu majini, tunapata viwili vitatu vya kulia muhogo. Hiyo ni kutafuta mboga. Hakuna aliyewahi kuiita kazi hiyo uvuvi, hata sisi wenyewe.

Ivânia alikuja baada ya Ramadhani, na ilipokaribia Maulidi akawa amemaliza. Bwana Cosme akaja na gari, tukakusanyika kwenye darasa la shule. Abibo alivaa kanzu yake ya Idi. Ivânia alisimama, uso wake una furaha, akasema kwa Kiswahili nilichomfunza mimi kwamba amepima samaki sehemu nyingi za pwani hii na hajaona ghuba yenye afya kama yetu. Samaki ni wakubwa, wengi wamekwisha kuzaa, tena zaidi ya mara moja. Tukapiga makofi, na Abibo akatazama huku na huku kuhakikisha kila mtu anamwona.

Ndipo bwana Cosme akasema, "Basi mambo ni mepesi. Nilikuwa na hofu kwamba ghuba imechoka. Ingekuwa imechoka, nisingeruhusu wavu mwingine hata mmoja. Lakini ghuba yenye samaki kama hawa inawatosha nyinyi na wenzenu. Wenye majuya nitawapa ruhusa."

Nilimwona Abibo akivua kofia, akaivaa tena. Kumbe hesabu ya serikali haikuwa ya shamba na magugu. Tungewaonyesha wadogo tungepona. Tuliificha dawa tukadhani tunaficha ugonjwa.

Na Ivânia alikuwa hajamaliza, maskini. Akasema, "Nashukuru wote, lakini zaidi mama Alima. Kila siku alikuwa na mimi. Hakunificha kitu."

Watu waligeuka kunitazama. Kijiji kizima kilijua, mpaka watoto wa chekechea walijua, ila yeye peke yake. Nilitamani ardhi ipasuke. Kwanza nilimkasirikia Abibo, maana kumkasirikia Abibo ni jambo nililolizoea. Nikamtazama, na yeye akatazama vidole vyake vya miguu. Basi nikasimama.

"Bwana mkubwa," nikasema, "tumewadanganya."

"Kaa chini, Alima," akasema Abibo.

"Sikai." Nikayasema yote: wale wakubwa wa nje ya mwamba, mikoko, mabeseni, kanga. Nilisema haraka haraka, nikijua nikipumzika nitashindwa kuendelea. Nyuma yangu nilimsikia Nuria akinong'ona, "Mficha uchi hazai." Hata sikujua ananiunga mkono au ananisuta.

Ivânia hakupiga kelele. Angepiga kelele ningepata nafuu. Aliniuliza tu, "Tangu lini?"

"Tangu siku ya kwanza."

"Hata siku zile tulizokula pamoja?"

"Hata siku hizo, mwanangu."

Akakaa, akaviweka viganja vyake juu ya magoti. Kazi yake yote ya miezi ile ilikuwa imekwenda na maji, na wakuu wake huko kwao wangemwuliza alikuwa akitazama wapi. Abibo akasimama hatimaye, nami nampa haki yake. Akasema, "Mimi ndiye niliyewaamuru. Msimlaumu mwanamke. Tuliona haya kuonekana wabaya."

Bwana Cosme alikuwa amekasirika na alikuwa na sababu. "Miezi yote mlinipa samaki wakubwa, leo mnanipa wadogo wa maneno," akasema. "Mimi siamui kwa maneno. Kesho leteni kila kilichotoka majini. Kila kitu. Nitakuwepo mwenyewe."

Kesho yake wanaume wakatandika majamvi ufukweni, wakamwaga. Sijawahi kuona wanaume wetu wakimwaga samaki kwa aibu namna ile, kama mtu anayevuliwa shati mbele ya wakwe. Changu wa kiganja, pono wa kiganja, tasi wembamba. Ivânia alichuchumaa, akapima, akapasua, akatazama, akasema, "Hajazaa." Akamchukua mwingine. "Hajazaa." Na mwingine. Alisema neno hilo mpaka likageuka kuwa la msiba, na kila aliposema mwenye samaki alitazama pembeni.

Na mimi nilifanyaje? Nilijiona shujaa. Si mimi niliyesema kweli? Nilisimama nimeshika kiuno, nikasema kwa sauti wasikie, "Mnaona kazi yenu? Mnakwenda baharini kuua watoto, halafu mnarudi mnataka kupakuliwa wali." Mzee mmoja alinitazama asinijibu. Laiti angenijibu mapema.

Bwana Cosme akageuka upande wetu. "Nilisema kila kilichotoka majini. Nyinyi akina mama je?"

"Sisi hatuvui," nikasema, upesi.

Nuria alinitazama. Wanawake wote walinitazama. Kwenye mchanga, pale tulipokaa, mabeseni yalikuwa yamefunikwa kanga kama kawaida, maana asubuhi ile maji yalitoka na sisi tulishuka kama siku zote. Hatukufikiri. Tulikwenda kutafuta mboga siku ile ile ambayo waume zetu walikuwa wakivuliwa nguo. Nikalichukua beseni langu. Nikasema moyoni, Alima, mdomo ulio nao utafute pa kuuweka sasa. Nikalimwaga kwenye jamvi.

Walitoka kama mchele. Changu, tasi, pono, na vichewa vyenye madoa tayari, vyote vidogo kuliko kidole, vimechanganyika na majani ya nyasi. Baadhi yao walikuwa bado wanapumua. Ivânia akamchukua mmoja, akamlaza kiganjani, akakileta kisu. Akamgeuza upande huu, akamgeuza upande ule. Hakupata pa kupasua. Akakiweka kisu chini.

"Mnawapata wapi?"

"Kwenye nyasi."

"Kwa wavu gani?"

"Kwa chandarua."

Akamrudisha yule mdogo kwenye jamvi. Kisha akasema polepole, kwa Kiswahili kile kile changu, "Wale wa akina baba wanatoka huku. Kwenye nyasi ndiko wanakolelewa. Hawa ndio wangekuwa wale, na wale ndio wangekuwa wakubwa." Hakuniita mama, hakuniita kitu chochote.

Nilingoja wanaume wanicheke. Ilikuwa haki yao, nilikuwa nimewatukana muda si mrefu. Hakuna aliyecheka, wala yule mzee. Abibo alikuja akachuchumaa kando yangu, akaanza kuokota vile visamaki vilivyoanguka nje ya jamvi, kimoja kimoja, akivirudisha. Miaka yote ya ndoa yetu nilimngoja mtu huyu aseme neno la kunikomesha, na siku aliyolipata hakulisema. Hapo ndipo machozi yaliponitoka.

Bwana Cosme aliamua pale pale. Majuya hayaji. Lakini na zile nyasi zifungwe, asiingie mtu na wavu wa aina yoyote mpaka zipone, na vyandarua virudi vitandani vilikotoka. "Hili siwezi kulilinda kutoka Palma," akasema. "Mtalilinda wenyewe. Akina mama, nataka mkono wa anayekubali."

Wanaume walikuwa wamekwisha kushusha pumzi. Majuya yamekataliwa, walilolitaka wamelipata. Sisi wanawake tulibaki tumekaa na mabeseni yetu. Nyumbani kwa wengi wetu mume ni jina tu, yuko kwenye vibarua vya kampuni au hayupo kabisa, na nyasi zile ndizo zilizokuwa mume. Nuria ana watoto na hana mume. Sikuhitaji kugeuka kujua kila mmoja wao anamtazama nani.

Nikanyoosha mkono. Ukakaa juu peke yake.

"Wifi," akasema Nuria. Hakusema kwa hasira, na alisema kwa sauti ya chini, lakini kila mtu alisikia. "Kesho watoto wangu wale muhogo mtupu?"

Mkono wangu ulikuwa bado juu.

"Ndiyo," nikamwambia, na nikashindwa kumtazama usoni.