Buibui Aliyekuwa Akijivua Gamba

Watu wakiona buibui aliyebapa, miguu imetanda ubavuni, husema ni buibui kaa na mjadala umekwisha. Mimi husonya. Buibui kaa halisi ni mvivu: miguu ya mbele minene, ya nyuma mifupi, na hukaa juu ya ua akingoja riziki imfuate. Ninayemzungumzia mimi ni mkimbiaji. Miguu yake ni myembamba na karibu yote inalingana, na chini ya nyayo ana vishungi vya nywele vinavyomwezesha kupanda kioo. Macho yake manane ni madogo, yamepangwa safu mbili zilizopinda. Ukisita kumkamata, umemkosa.

Niliyemleta nyumbani alikuwa na jambo la ziada. Mguu wake wa pili, kulia na kushoto, ulikuwa mrefu kuliko mingine kwa mbali mno. Sikuwahi kumwona wa namna hiyo popote ila kwenye kimsitu kilicho nyuma ya mji, ambako nimechunguza buibui tangu sijaolewa, na ambacho sasa kilipangiwa kukatwa pawe machimbo ya kokoto. Afisa wa mazingira aliniambia waziwazi.

“Mama, mimi sina ugomvi na buibui wako. Nithibitishie kwamba ni aina isiyopatikana kwingine, nitausimamisha mradi. Lakini ‘nahisi’ siwezi kuipeleka mbele.”

Alikuwa na haki, na hilo ndilo lililoniudhi. Aina ya buibui haithibitishwi kwa miguu peke yake. Huthibitishwa kwa viungo vya uzazi, navyo havisomeki mpaka akomae. Wangu alikuwa dume mchanga. Vijimkono viwili vya mdomoni, ambavyo dume huvitumia kupandikiza mbegu, vilikuwa vimevimba lakini bado vimefumbwa kama ngumi. Alibakiza kujivua gamba mara moja tu. Wengine niliowapata walikuwa wadogo zaidi, na msitu ulikwisha kuzungushiwa uzio. Matumaini yangu yote yalikuwa ndani ya chupa ya jamu juu ya kabati.

Mume wangu ni fundi cherehani, na kila mtu humwita Fundi, mimi nikiwemo. Hushonea sebuleni, kwa hiyo nikienda ofisini yeye ndiye aliyekuwa mlezi. Alimpa buibui jina la Mgeni. Alimfugia vijinzi kwa maganda ya ndizi mbivu, mpaka wateja wakaanza kuuliza nyumba hii inanuka nini.

“Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe,” alinitania. “Huyu wako tumpe nini, sindano?”

“Mpe nzi, unyamaze.”

Lakini alimpenda, nami nilimpenda yeye kwa hilo. Nilimfundisha kazi kadiri nilivyoweza, pamoja na hili: buibui akifa mtie kwenye spiriti papo hapo, maana akioza hana faida kwa mtu yeyote.

Siku iliyotangulia kikao cha mwisho cha kuamua mradi nilirudi nikamkuta Fundi amekaa tu, cherehani imefunikwa. Alinipa kichupa cha spiriti kwa mikono miwili.

“Pole, bibie. Mgeni wetu ametutoka. Nimemkuta ananing’inia kwenye uzi, miguu imekunjamana, nagonga kioo hatikisiki. Nikamtia mara moja, kama ulivyosema. Angalau hajaharibika.”

Nilimweka chini ya hadubini. Gamba lilikuwa limeachia ukingoni mwa kichwa, na miguu ya mbele ilikwisha kuchomoka nusu. Buibui akijivua huning’inia kimya kama maiti. Kwetu sisi wa kazi hii hilo ni jambo la kawaida mno, hata hatulisemi. Ndani ya gamba vile vijimkono vilikuwa kama uji, havina umbo la kupima wala kuchora. Nililia huku nimeinamia hadubini ili asinione uso.

“Nimekosea?” aliuliza.

“Umefanya nilivyokufundisha,” nilisema, na ilikuwa kweli.

Kikaoni nilieleza macho, nyayo na mguu wa pili. Afisa alinisikiliza mpaka mwisho, simsingizii. Kisha akauliza kama naweza kuthibitisha ni aina gani. Nikasema siwezi. Mkandarasi wa machimbo hakuinua hata kichwa kutoka kwenye simu yake. Mradi ukapitishwa, na jioni ile ile misumeno ilianza kusikika mpaka barabarani.

Fundi alikuwa mlangoni ananingoja. Uso ulikuwa umemsawijika kwa kukosa usingizi.

“Niambie ukweli,” alisema. “Yule Mgeni ndiye mwenyewe, ama siye?”

Nilikuwa na uhakika kama ninavyolijua jina langu. Buibui yule hakuna aliyewahi kumtambua duniani, na sasa hatatokea wa kumtambua.

“Siye,” nilisema. “Nimemchunguza vizuri. Ni wa kawaida, wamejaa kila mahali.”

Alishusha pumzi ndefu, akaifunua cherehani, akaketi.

“Afadhali,” alisema. “Basi hatujapoteza kitu.”